Shamba la Baba Ndani ya Mashine

Nangwa, Jumapili, 9 Machi 2025

Leo baada ya ibada mama mmoja wa kwaya, ambaye simtaji jina kwa sababu ni Kwaresima, alinishika mkono akaniambia kwa sauti ya huruma, "Mwalimu Evaline, nasikia mzee siku hizi anacheza gemu. Pole sana."

Pole ya nini? Angesikia baba anashinda kilabuni asingenipa pole. Nilisema asante, nikaondoka. Njia nzima nimetunga majibu mengine mazuri zaidi, na kwa kuwa sina wa kumpa, nimechukua daftari hili la masomo ambalo halijatumika, nayaandika humu.

Baba yangu ni Yonas Margwe. Aliendesha trekta na kombaini kwenye mashamba makubwa ya ngano huku Hanang tangu ujana hadi alipostaafu. Januari kiharusi kilimpiga upande wa kulia. Anatembea kwa fimbo, anaongea polepole, maneno mengine yanakwama njiani, lakini kichwa chake kipo. Mama alishatangulia. Nyumbani tupo wawili, mimi na yeye.

Gemu lilianza kabla ya ugonjwa. Mdogo wangu Vicent alipohamia Babati aliacha mashine yake ya gemu hapa pamoja na CD zake. Moja ilikuwa ya kilimo: unalima, unapanda, unavuna kwa kombaini, unanunua shamba jingine. Baba aliiona siku moja mvua inanyesha, akaketi "kuangalia tu". Hajainuka hadi leo. Ana mashamba, ghala, matrekta na ng'ombe. Kwenye gemu hilo unaweza kuajiri kibarua akuendeshee trekta, lakini yeye hajawahi, anasema vibarua wa humo wanageuza vibaya kwenye kona. Muuguzi wa mazoezi, dada Glory, alipoona anabonyeza pedi ya kuchezea kwa dole gumba la kulia alisema, "Hiyo ni dawa. Asiache."

Basi, mama wa kwaya, hilo ndilo jibu langu.

Jumatano, 12 Machi

Mvua. Umeme haupo. Baba amekaa mbele ya TV iliyozimika kama mtu anayesubiri basi.

Jumatatu, 17 Machi

Mashine inanguruma kama ya kusaga mahindi. Leo imezima yenyewe mara kadhaa, na ukiigusa inaunguza. Baba anaipepea na kifuniko cha sufuria kwa mkono wa kushoto huku wa kulia unaendesha trekta. Nikitoka shule nakuta ameipumzisha, anangoja ipoe. "Injini imechemka," anasema. Sentensi hiyo ilimchukua muda, lakini alifika mwisho.

Alhamisi, 20 Machi

Nimempigia Vicent kumweleza hali ya mashine. Akasema, "Dada, usihangaike, Pasaka nakuja na mpya." Nilifurahi, hata nilimsifia kwa walimu wenzangu. Niandike hili wazi ili baadaye nisijifanye nilijua tangu mwanzo.

Ijumaa, 28 Machi

Mvua. Mama Letisia wa Masakta, jirani wa shamba letu la kule, amepiga tena kumsalimia baba. Nikawaachia simu nikaenda kupika.

Jumamosi, 5 Aprili

Kliniki. Dada Glory anasema mkono umeongezeka nguvu. Barabara ni matope matupu.

Jumapili ya Pasaka, 20 Aprili

Wamekuja, Vicent na mkewe Jenifa. Wameleta sukari, mchele, shuka mpya, na mashine: nyeupe, nyembamba, haina kelele kabisa. Vicent aliifunga kwenye TV mwenyewe, akaweka gemu jipya la mpira, wachezaji wanatoka jasho utafikiri wako sebuleni. Baba alitazama kwa heshima, kama anavyotazama picha za harusi za watu wasiomhusu.

"Na CD zangu?" akauliza.

"Hii inasoma hata za zamani, baba. Ndiyo maana nimechagua hii, zipo nyingine hazina hata pa kuingizia CD."

Baba akaitikia kwa kichwa, ameridhika. Nami niliridhika. Tulikula, tulisali, tulipiga picha. Walipoondoka jioni Vicent alipakia mashine ya zamani kwenye gari. "Hii takataka naondoka nayo," akasema. Nikamfungulia geti.

Jumatatu ya Pasaka, 21 Aprili

Asubuhi baba aliingiza CD yake ya kilimo. Mashine mpya iliipokea, kisha ikaanza kuomba intaneti kupakua vitu. Nilinunua bando, likaisha, nikanunua jingine. Mchana gemu likafunguka, zuri kuliko zamani, na majani yanacheza kwa upepo. Baba akavuta kiti.

Hakukuwa na shamba. Yaani lipo shamba la kuanzia, lile la mtu ambaye hajawahi kulima: kibanda kimoja, trekta moja kuukuu. Mashamba yake, ghala, kombaini, ng'ombe, hakuna. Alibonyeza huku na kule, akatafuta. Halafu akaweka pedi mezani taratibu, akasema, "Wamehama." Akaenda kulala, mchana, na chakula cha mchana hajala.

Nilimpigia Vicent. Haya ndiyo mazungumzo, neno kwa neno:

"Shamba la baba halipo."

"Dada, CD si ni ile ile?"

"Ni ile ile."

"Basi gemu ni lile lile. Aanze upya. Ana haraka gani?"

Aanze upya! Mtu wa miaka sabini na moja, mwenye mkono mmoja na nusu! Nilikata simu, mara ya kwanza maishani kumkatia mdogo wangu.

Jumatano, 23 Aprili

Mwalimu Isidori anayefundisha kompyuta amenifafanulia. CD ni kama kitabu cha kiada, akasema, na shamba la mzee ni kama daftari la mwanafunzi. Kitabu umehamisha, daftari limebaki kwenye mashine ya zamani. Mngelihamisha kwa flashi kabla ya kuitoa nyumbani, kazi ya dakika chache. "Mashine iko wapi?" akaniuliza.

Nimempigia Vicent. Hapokei. Nimempigia Jenifa. "Wifi, sijui, nadhani aliishusha Katesh tukiwa njiani." Aliishusha Katesh! Kama mzigo wa vitunguu!

Alhamisi, 24 Aprili

Hajacheza. Mazoezi ya mkono pia hataki.

Jumapili, 27 Aprili

Hajacheza. Mama wa kwaya kaniambia amefurahi kusikia mzee ameacha gemu, maombi yamejibiwa. Mungu anisamehe nilichokifikiria ndani ya nyumba yake.

Ijumaa, 2 Mei

Sasa nimeelewa kwa nini ilikuja mashine mpya.

Vicent alifika jana, sikukuu, bila taarifa, na karatasi mkononi. Anataka baba auze shamba la Masakta. Mnunuzi yupo tayari, mfanyabiashara wa Babati. Vicent anataka kufungua duka la vifaa vya ujenzi. "Shamba limelala, baba," alisema. "Wewe huwezi kulima, dada anafundisha, mimi niko mbali. Linaota magugu bure."

Baba alisema, "Hapana."

"Baba, fikiria."

"Hapana."

Neno hilo halikwami. Vicent alikunja karatasi, akatoka nje, na mimi nikatoka nyuma yake, nikamuuliza mashine iko wapi. Alisema, "Dada, mzee hayuko sawa. Mtu mzima analilia shamba la kwenye TV na la kweli analiacha liote magugu. Amerudi utotoni. Nitaongea na baba mdogo, ukoo ukae."

Nilimwambia maneno ambayo sitayaandika, daftari hili ni la shule.

Ninachoandika ni hiki. Yeye ndiye aliyeleta mashine. Yeye ndiye aliyemfundisha baba kushika pedi, miaka ile, akija kututembelea, akicheka, akimwita "bingwa". Leo pedi hiyo hiyo ndiyo ushahidi kwamba baba yetu amepungukiwa akili. Nimetembea uani hadi giza likaingia, nikiwasemesha kuku.

Jumamosi, 10 Mei

Katesh, baada ya soko. Nimeingia kila banda la gemu mjini. Mwanamke wa umri wangu, na kitenge cha kwenda kanisani, nachungulia chumba chenye vijana: ukiingia wote wananyamaza kama umekuja kumkamata mtu. La tatu ni la kaka mmoja anaitwa Modest. Niliitambua mashine kabla hajafungua mdomo, kwa ngurumo yake, nikamweleza kuwa mdogo wangu ndiye aliyeishusha Katesh.

"Aliniuzia ndugu yako, dada. Aliniambia haina kazi."

"Ndani yake kuna shamba la baba yangu."

Modest alinitazama vizuri. "Lile la ngano? Hilo ni la mzee wako? CD yake ninayo hapa, vijana wangu wanalipenda sana. Lakini dada, mimi nilinunua mashine, sikununua shamba. Chukua tu, lihamishe."

Nikamshukuru. Nikataka kulia kwa shukrani. Kisha akalifungua, nikaona.

Vijana wamecheza humo tangu Pasaka. Kombaini imeuzwa. Matrekta yameuzwa yote isipokuwa dogo. Kwa fedha hiyo wamenunua magari, pikapu nyingi, zimetelekezwa kila mahali, moja imezama bwawani hadi madirisha. Ngano haikuvunwa, imekauka ikawa nyeusi shambani. Ng'ombe hawajalishwa. Na vibarua wameajiriwa kila kona, wanapokezana trekta hilo dogo, wanakwama kwenye miti.

"Nani kafanya hivi?" niliuliza.

Chumba kizima kikaangalia sakafu.

"Mnajua mtu alilima hapa miaka miwili? Mnajua alikuwa akiamka asubuhi na mapema kulisha ng'ombe hawa?"

Kijana mmoja akasema, "Samahani mama, tulidhani halina mwenyewe."

Modest alihamisha shamba kwenye flashi, akanikabidhi, hakutaka malipo. Nimerudi na flashi kwenye pochi, nimeishika njia nzima, na sijui kama nimebeba dawa au sumu.

Jumapili, 11 Mei

Sijamwambia. Mvua nyepesi.

Jumatatu, 12 Mei

Sijamwambia. Nimefikiria kumwambia kwamba halikupatikana. Bora alikumbuke lilivyokuwa.

Jumatano, 14 Mei

Nimemwambia. Isidori alikuja baada ya vipindi, akachomeka flashi kwenye mashine mpya, na baba akaketi kwenye kiti chake bila kuuliza. Nilisimama nyuma. Nilikuwa nimeandaa maneno ya faraja.

Shamba likafunguka. Kwa mashine mpya kila kitu kinaonekana wazi, hata aibu. Baba alizunguka kwa miguu, mtu mdogo kwenye kioo, akapita shamba hadi shamba. Alisimama kwenye ngano nyeusi. Alisimama bwawani kwenye ile pikapu. Alifika kwenye banda la mashine, likiwa tupu.

"Nani," akasema, akapumua, "ameuza kombaini?"

Nikaeleza. Vijana wa Katesh, baba, hawakujua. Nikawa natazama mabega yake. Yalikuwa yanatikisika, nikamwendea mbio nikijua analia.

Alikuwa ana hasira. Sijamwona hivyo tangu nikiwa darasa la sita, siku Vicent alipoingiza maji kwenye tanki la dizeli. "Wapumbavu!" alisema. "Kombaini unauzaje... wakati ngano iko shambani?" Isidori alirudi nyuma hadi mlangoni. Baba akawafukuza vibarua wote, mmoja baada ya mwingine, kwa dole gumba la kulia. Akauza pikapu. Ile ya bwawani pia aliiuza, sijui nani aliinunua. Kisha akapanda trekta dogo, akashusha plau, akaanza kulima pale penye ngano iliyooza.

Amekula vizuri. Ameomba aongezewe.

Jumatatu, 19 Mei

Analima.

Ijumaa, 23 Mei

Analima. Jana aliniambia nihame mbele ya TV, "shika njia", kama alivyokuwa akituambia tukiwa watoto shambani. Mvua zinaelekea kukatika, mlima unaonekana hadi kileleni.

Jumapili, 1 Juni

Baba mdogo Nicodemo amepiga simu kutoka Tlawi. Kikao ni tarehe kumi na nne, hapa nyumbani. "Vicent ametueleza hali ya kaka," alisema. Nilimwambia, "Shikamoo baba mdogo, na mimi nitaeleza." Akasema marahaba, ila kwa ubaridi.

Jenifa naye alipiga jioni, kwa siri. Nilimpokea kwa ukali. Akasema, "Wifi, sikutetei wala simtetei. Ila jua kitu kimoja. Januari pale hospitali, ulipokuwa umerudi kufungua shule, alilala chini ya kitanda cha mzee wiki nzima. Alipotoka pale akasema hawezi kumwona tena akiwa hivyo. Ndiyo maana hakai. Akikaa, analia." Nikasema, kwa hiyo mtu akilia anauza shamba? Jenifa akaniaga.

Sijalala vizuri. Nilitaka awe mwovu moja kwa moja, ingekuwa rahisi.

Jumamosi, 14 Juni

Niandike kwa mpangilio.

Walikuja watano: baba mdogo Nicodemo, wazee wawili wa ukoo kutoka Tlawi, mzee wa kanisa, na Vicent. Niliwaandalia chai na viazi. Baba alivaa koti. Alikaa kwenye kiti chake kile kile, TV imezimwa.

Vicent alianza. Aliongea kwa adabu, lazima niseme. Alieleza gharama za matibabu, na ni kweli sehemu kubwa amelipa yeye. Alisema shamba la Masakta limelala. Alisema baba anakataa ushauri. Kisha akasema, "Wazee wangu, inaniuma kusema. Baba anashinda na gemu la watoto kutwa. Gemu lilipopotea aligoma kula. Hapo mtu anaweza kuamua jambo la ardhi?"

Wazee wakaguna. Mzee wa kanisa akatikisa kichwa.

Nilisimama. Sikupewa nafasi, nilisimama tu. Nikasema, "Wazee, shikamooni. Nani hapa haangalii mpira? Baba mdogo, msimu wa ligi wewe si hupokei hata simu ya msiba hadi dakika tisini ziishe? Mzee wangu hapa, si unacheza bao mbele ya duka tangu chai hadi jioni? Timu ikifungwa mnagoma kula, nyie! Nani kawaitia kikao? Dada Glory wa hospitali kasema lile gemu ni dawa, na baba ndivyo anavyopenda, na baba hataki kuuza, na baba anasema..."

"Evaline."

Ilikuwa sauti ya baba. Nikanyamaza.

"Kaa," akasema. "Usinijibie."

Nilikaa. Naapa masikio yangu yaliwaka moto.

Akaanza kuongea, na hakuna aliyethubutu kumalizia neno lililokwama. Nayaweka hapa bila zile pumzi zake. "Mnaongea juu yangu kama mafundi wawili juu ya trekta bovu. Mmoja anasema liuzwe, mwingine anasema lisiguswe. Hakuna anayeliuliza, kwa sababu trekta haliongei. Mimi naongea. Polepole, lakini naongea."

Baba mdogo akasema kwa sauti ya chini, "Ongea, kaka."

"Vicent anasema shamba limelala. Vicent, ulipita lini Masakta?"

Vicent akasema, "Mwaka jana, baba."

"Evaline, wewe?"

Nikasema, "Sijafika tangu uugue."

"Shamba halijalala. Lina ngano. Februari nikiwa kitandani nilimpigia Letisia. Alime, apande, tugawane nusu kwa nusu. Ananipigia kila wiki. Inavunwa mwezi ujao."

Baba mdogo akaweka kikombe chini.

"Baba!" nilisema. "Miezi yote hii! Mbona hukuniambia?"

"Hukuniuliza," alisema. "Uliniuliza kama nimekula. Uliniuliza kama nimekunywa dawa."

Nilikuwa na hasira, na bado ninayo. Mimi ndiye ninayeamka. Mimi ndiye ninayefua. Mimi nimezunguka mabanda ya vijana na kitenge changu! Na yeye anaendesha shamba la kweli kwa simu chumba cha pili, na mimi napika ugali nikidhani anasalimiana! Nilitaka kuyasema haya yote. Niliangalia pembeni, nikamwona Vicent, na uso wake ulikuwa na hasira ile ile, ya mtu aliyenyang'anywa kazi ya kuhurumia. Tulitazamana. Ni mdogo wangu, tunafanana hata kwa hilo.

Baba mdogo Nicodemo alikohoa. Akasema kikao hakina la kuamua, shamba lina mwenyewe na mwenyewe ana akili. Kisha, kabla hawajaondoka, akaomba aonyeshwe hilo gemu. Akaketi kando ya baba kwa muda mrefu. Nilimsikia akisema, "Hapo umeacha ukanda bila kulima, kaka." Na baba, "Sijaacha. Narudi."

Vicent hakuingia. Alikaa kwenye gari hadi wazee walipomaliza.

Jumapili, 22 Juni

Mama wa kwaya ananiuliza habari za kikao. Nimemwambia amuulize mzee mwenyewe, yupo nyumbani, anapokea wageni.

Jumatatu, 30 Juni

Leo sikumuuliza baba kama amekunywa dawa. Nilimuuliza bei ya ngano. Alinijibu hadi chakula kikapoa.

Jumapili, 6 Julai

Vicent amepiga simu. Si kwangu, kwa baba. Nilisimama mlangoni nikasikiliza, sioni aibu. Baba alisema "ndiyo" mara kadhaa, halafu akasema, "Kombaini inaingia Jumamosi. Njoo mapema."

Masakta, Jumamosi, 12 Julai

Ngano ni nzuri. Niliposhuka kwenye gari nilisimama kando ya shamba nikakosa la kusema, na wanafunzi wangu wanajua hilo si jambo la kawaida. Imesimama sawasawa, rangi ya mkate, hadi kule inapokutana na shamba la jirani. Mama Letisia, mwanamke mwembamba aliyejifunga kanga mbili kiunoni, alikuja kumsalimia baba kwa mikono yote miwili, kisha akaanza kumpa taarifa, na mimi akanipa mkono tu.

Vicent alifika kabla yetu. Alikuwa amesimama karibu na kombaini ya kukodi, mikono mfukoni. "Shikamoo dada." "Marahaba." Basi, tukaishia hapo.

Baba aliitazama kombaini toka tairi hadi juu. Akasema, "Nataka kupanda."

Dereva alisema mzee hataweza ngazi. Mama Letisia akasema ngazi ni ndefu. Nami nilifungua mdomo niseme ni hatari, dada Glory hajaruhusu, kichwa kitazunguka, na nikaufunga. Nikamuuliza, "Baba, utapandaje?"

Alifikiria. "Wewe mbele univute. Mmoja nyuma anisukume. Mmoja ashike mguu huu." Akaupiga ule wa kulia kwa fimbo.

Ule mguu ndio mzito. Hauinuki wenyewe, lazima uunyanyue kwa mikono yako na kuuweka kwenye kila ngazi, na ukiushika unajua ugonjwa ulichofanya, hakuna wa kukuambia. Tangu Januari ni mimi ninayeushika, bafuni, kitandani, kwenye gari la kliniki. Dereva akawa nyuma. Mimi nilikuwa nimeshainama niushike.

Vicent alikuwa anatazama mguu ule.

Bado sijamsamehe kwa mashine ile, wala kwa kikao, wala kwa kusema baba amerudi utotoni. Nitamwambia siku moja, na itakuwa ndefu. Lakini nilisimama wima, nikapanda ngazi ya kwanza, nikageuka na kumshika baba mikono.

"Vicent," nikasema, "mguu."

Akapiga magoti kwenye makapi, akaushika kwa mikono miwili, akauweka kwenye ngazi. Alikuwa analia wazi mbele ya vibarua wote wa mavuno, na hakuuachia hadi tulipofika juu.